Pampu ya umeme kwenye Hilux ya kabureta: ifungwe vipi ili izime injini inapozima

SWALI

"Shikamoo fundi. Nina Hilux ya zamani, injini 22R ya kabureta. Nabebea zabibu kutoka Hombolo, na msimu wa mavuno nabeba mahindi kupeleka Kibaigwa. Pampu ya mafuta ya kwenye injini ilikufa, spea nikaikosa, fundi akanifungia pampu ya umeme chini, karibu na tenki. Waya wa moto akauchukua kwenye waya wa redio, wa hasi akaukaza kwenye chasi. Gari lilikuwa linawaka vizuri, lakini baada ya muda mfupi fyuzi ya redio ikawa inakata. Akaweka ya ampea 30, haijakata tena. Sasa nikisimama nasikia harufu ya petroli, na nyaya nyuma ya dashibodi zinakuwa za moto. Nikifungua swichi hatua ya redio tu, pampu inanguruma muda wote. Je, nibadilishe waya niweke mnene, au kuna namna sahihi ya kufunga? Na naweza kuendelea kulitumia wakati natafuta hela?" (Msomaji, Nkuhungu, Dodoma)

JIBU

Marahaba, ndugu yangu. Naanza na swali lako la mwisho kwa kuwa ndilo lisilosubiri. Hapana. Usiliendeshe tena, hata mpaka kituo cha mafuta cha jirani, hadi pampu hiyo itolewe kwenye waya wa redio. Lisukumeni likae nje penye upepo, mbali na jiko la mkaa na mbali na ukuta wa chumba anacholala mtu. Toa funguo, hakikisha taa na redio vimezimwa, fungua boneti uache harufu itoke, kisha ndipo uchomoe kichwa cha hasi cha betri. Fuata mpangilio huo kama ulivyo. Cheche hutoka pale unapokata umeme unaotembea, kwa hiyo kila kitu kiwe kimezimwa kabla hujagusa betri.

Sasa tuje kwenye gari lenyewe. Umetaja fyuzi kukata, waya kuchemka na harufu ya petroli kama matatizo matatu. Mimi nashuku chanzo ni kimoja, nacho ni kwamba pampu uliyofungiwa si ya kabureta.

Pampu ya umeme iliyotengenezwa kwa ajili ya kabureta hula umeme kidogo, ampea 1 hadi 3 hivi. Fyuzi ya redio ya ampea 10 au 15 haiwezi kukatwa na mzigo huo. Pampu ya injini ya EFI (isiyo na kabureta, inayopuliziwa mafuta kwa mfumo wa kielektroniki) ndiyo yenye njaa, ampea 5 hadi 10 kutegemea aina yake, na ukijumlisha redio, fyuzi inaweza kulalamika. Ukija upande wa presha, tofauti ni kubwa zaidi. Kabureta ya 22R inataka psi (kipimo cha presha) 3 au 4 tu. Ndani yake kuna boya na sindano: bakuli likijaa, boya linapanda, sindano inaziba njia. Sindano hiyo imetengenezwa kushindana na presha ndogo ya pampu ya zamani. Presha ikivuka psi 6 inaanza kuzidiwa. Pampu ya EFI inasukuma psi 40 na zaidi. Petroli inapita kwa nguvu, bakuli linafurika, na mafuta yanamwagika juu ya injini yenye manifoldi ya moshi ya moto. Harufu unayoisikia ukisimama huenda inatoka huko. Ukiwa unatembea upepo unaipeperusha, ndiyo maana huisikii.

Kibaya zaidi, waya wa redio hupata umeme hata kabla injini haijawashwa. Ukikaa kwenye gari unasikiliza mpira wakati kreti zinapakiwa, pampu inaendelea kusukuma petroli kwenye injini isiyoitumia.

Kwa hiyo usinunue hata futi moja ya waya kabla ya kupima. Angalia namba iliyoandikwa kwenye mwili wa pampu na uifuatilie kwa muuza spea anayejua kazi yake. Gari likishapoa na harufu ikiwa imeisha kabisa, fundi aweke geji ya presha kwa kiunganishi cha njia tatu kwenye mpira unaoingia kabureta, na apime ampea kwa mita kwenye kipimo cha ampea 10, akiunganisha mita mbali na tenki na mbali na kabureta. Ikionekana ni ya EFI, itolewe. Utasikia ushauri wa kuweka reguleta ya kushusha presha ili pampu ibaki. Bila mpira wa kurudisha mafuta tenki, pampu kubwa inabaki inasukuma ukuta, inachemka na kufa, nawe umebaki na kifaa kimoja zaidi kinachoweza kuvuja. Nunua pampu ya presha ndogo. Dukani zinafanana sana kwa umbo, kwa hiyo taja psi unayotaka. Usiseme tu "pampu ya umeme ya Toyota".

Kuhusu ile fyuzi ya ampea 30: kazi ya fyuzi ni kulinda waya. Inatakiwa iungue kabla waya haujaungua. Waya wa redio ni mwembamba, mara nyingi nusu milimita ya mraba hivi. Fyuzi ya ampea 30 kwenye volti 12 inaruhusu wati 360 zipite, sawa na balbu sita za taa kubwa za wati 60, kwenye waya uliokusudiwa redio moja. Siku shoti itakapotokea, kitakachoungua ni waya, nyuma ya dashibodi, mbele ya magoti yako. Hesabu ya hivi sasa nayo si nzuri. Mita tano za waya wa nusu milimita zina ukinzani wa omu 0.175 hivi. Pampu ikila ampea 8, unapoteza volti 1.4 njiani na wati 11 zinageuka joto ndani ya waya. Ndiyo moto unaousikia ukigusa. Fundi aliyekuwekea fyuzi hiyo alinyamazisha onyo sahihi kabisa.

Kuna jambo jingine hukulitaja, na watu wengi hulisahau. Ile pampu ya zamani kwenye injini, iliondolewa au ipo pale pale na mafuta yanapita ndani yake? Kama ipo na mpira wake wa ndani, ule mafundi wanaouita dayaframu, umepasuka, pampu ya umeme inaweza kuwa inasukuma petroli ndani ya injini, ikachanganyika na oili. Chomoa stiki ya oili uinuse. Ikinuka petroli, au oili imepanda juu ya alama, usiwashe injini. Mwaga oili yote uweke mpya, badilisha filta pia, toa pampu hiyo, na tundu lake lizibwe kwa bamba la chuma na gasketi. Oili iliyochanganyika na petroli ni nyepesi, haibebi beringi, na injini itakufa hata kama wiring ni safi.

Sasa wiring. Ili uelewe kwa nini nakwambia uongeze vifaa ambavyo fundi wako hakuviweka, fikiria pampu ya zamani ilivyofanya kazi. Kwenye 22R imekaa mbele ya silinda hedi na inasukumwa na kemshafti, ile shafti inayofungua vali. Kemshafti ikisimama, pampu imesimama. Gari likipinduka na injini ikazima, mafuta yamekoma papo hapo bila mtu kugusa kitu. Usalama huo ulikuwa ndani ya chuma tangu kiwandani. Pampu ya umeme haijui kama injini inazunguka. Inajua umeme tu: ukiwepo inasukuma, hata kama gari liko kichwa chini na mpira wa mafuta umekatika. Kuipelekea pampu umeme ni kazi ndogo. Kazi kubwa, na ndiyo inayotenganisha fundi na mwunganisha waya, ni kuurudisha usalama ule tulioung'oa pamoja na pampu ya zamani. Pampu ipate umeme pale tu injini inapozungushwa au inapowaka. Na waya wowote wa kuamuru ukikatika, pampu izime. Isiwe kinyume chake.

Hivyo ondoa kabisa redio kwenye habari hii na ufunge njia mbili tofauti.

Njia ya kwanza ni ya umeme mzito. Inaanzia chanya ya betri. Sentimita 20 hivi kutoka kwenye betri weka fyuzi. Kwa pampu ya kabureta ampea 5 au 7.5 inatosha. Ikae karibu hivyo kwa sababu kipande cha waya kati ya betri na fyuzi hakina ulinzi wowote, kwa hiyo kiwe kifupi iwezekanavyo. Kutoka kwenye fyuzi, waya uende kwenye rilei (swichi inayoamuriwa na umeme mdogo), mguu namba 30. Mguu namba 87 utoe waya kwenda kwenye pampu. Rilei za kawaida za pembe nne zenye namba 30, 85, 86 na 87 zinapatikana duka lolote la spea. Ifunge ndani ya boneti juu, mbali na betri na mipira ya mafuta, miguu ikiangalia chini ili maji ya kuoshea na vumbi visituame kwenye miguu yake. Isifungwe kule nyuma karibu na tenki, kwa kuwa ndani ya rilei kuna cheche kila inaposhika na kuachia.

Njia ya pili ni ya umeme mwepesi unaoiamuru rilei, na hapa naomba usome polepole. Mguu 85 uende hasi. Mguu 86 upokee ruhusa kutoka sehemu mbili. Ruhusa ya kwanza ni ya wakati wa kupiga stata: inatoka kwenye waya mdogo wa solenoidi ya stata, ule unaopata umeme funguo ikiwa kwenye stata peke yake. Ruhusa ya pili ni ya injini iliyokwisha kuwaka: inatoka kwenye waya wa swichi wa injini (ule wa koili ya plagi, usiwe wa redio), unapita kwenye swichi ya presha ya oili, ndipo unafika kwenye rilei. Injini ikiwaka, oili inapata presha, swichi inafunga njia, pampu inaendelea. Injini ikizima, sekunde chache presha ya oili inashuka, swichi inafungua, pampu inanyamaza ingawa funguo bado iko wazi. Kuna faida ya ziada: oili ikimwagika yote njiani, injini itanyimwa mafuta na kuzima yaliyobaki kwenye bakuli yakiisha, badala ya kuendelea kujila.

Mafundi wengi hukosea kwenye swichi ya oili. Swichi iliyokuja na gari kwa ajili ya taa nyekundu ya dashibodi hufanya kazi kinyume na tunachotaka. Inashika wakati presha haipo, ili taa iwake, na inaachia presha ikipanda. Wapo wanaoigeuza kwa kutumia rilei ya miguu mitano, na pampu inafanya kazi vizuri sana siku ya kwanza. Lakini tazama kinachotokea waya wa swichi hiyo ukikatika: rilei inaona kama presha ipo, na pampu inasukuma bila kikomo. Kosa dogo limezaa hatari kubwa. Nunua swichi yenye miguu miwili ambayo iko wazi presha isipokuwepo na inafunga presha ikiwepo. Ipime kwa mita kabla na baada ya kuwasha. Hapo waya ukikatika, pampu inazima na gari linakusimamisha. Kusimama barabara ya Kondoa juani ni kero, lakini utafika nyumbani.

Ukiifunga, tumia kiunganishi cha njia tatu cha shaba nyeupe au chuma ili taa yako ya oili ibaki ikifanya kazi. Angalia nyuzi zake za kukazia: magari mengi ya Japani hutumia nyuzi za moja ya nane ya inchi za kipimo cha Uingereza, na swichi nyingi zinazouzwa mtandaoni ni za kipimo cha Marekani. Zinakaribiana kiasi cha kudanganya mkono, ila hazifanani. Ikikaza mapema, usilazimishe kwa spana. Utapasua na oili itavuja.

Kosa la pili liko pale ruhusa mbili zinapokutana. Ukizifunga pamoja moja kwa moja kwenye mguu 86, gari litawaka, kisha umeme wa swichi ya oili utarudi nyuma kupitia waya wa stata na kuiamuru stata ijirushe huku injini inazunguka. Meno yatasagika, na stata inaweza kuungua. Dawa yake ni dayodi mbili (kifaa kinachopitisha umeme upande mmoja tu), moja kwa kila ruhusa, mstari uliochorwa kwenye dayodi ukielekea kwenye rilei. Namba 1N4007 inatosha kabisa, kwa sababu koili ya rilei inakula kama ampea 0.15 na dayodi hiyo inabeba ampea 1. Maduka ya spea za magari hawana, nenda kwa mafundi redio. Zivike mpira wa kusinyaa kwa joto ili miguu yake isigusane na bodi.

Asiyetaka dayodi anaweza kutafuta rilei ya pampu ya Toyota za EFI za zamani, yenye koili mbili ndani: moja inashika wakati wa stata, nyingine wakati injini inawaka. Koili zikiwa tofauti, umeme haurudi nyuma. Lakini miguu yake haifanani na ya rilei ya kawaida na fundi lazima azipime koili kwanza. Zipo pia rilei zinazosoma mapigo ya koili ya plagi na kukata pampu mapigo yakikoma, kama zilizotumika kwenye Volkswagen za zamani. Ukiipata nzima, ichukue, maana inajibu haraka kuliko presha ya oili na hakuna haja ya kugusa njia ya oili.

Waya wa mguu 85 unaokwenda hasi, upitishe kwenye swichi ya ajali. Hiki ni kikopo kidogo chenye kitufe juu na gololi ndani, kinachokata umeme gari likigongwa au kupinduka. Ford na Land Rover walivifunga kwenye magari mengi, kwa hiyo kwa wauza spea za mtumba vinapatikana. Kisimame wima, kikazwe kwenye bodi imara, usikining'inize kwenye waya. Mtikisiko wa barabara mbovu unaweza kukifyatua siku moja; gari likizima ghafla kwenye shimo, shuka kwanza, inama uangalie kama kuna uvujaji, nusa, ndipo ubonyeze kitufe. Kwa nini uwe na hiki na swichi ya oili pia? Kwa sababu kuna ajali ambazo injini haizimi.

Waya wenyewe. Uliuliza kama uweke mnene: ndiyo, lakini kwa pampu ya kabureta milimita 1.5 za mraba inatosha. Kwa ampea 3 na mita tano, unapoteza volti 0.2 hivi. Usinunue waya wa kuwekea umeme nyumbani. Ule una nyuzi chache nene au mmoja tu, na mtikisiko wa gari unaukata kidogo kidogo ndani ya ganda bila wewe kuona. Omba waya wa gari wenye nyuzi nyingi nyembamba. Upitishe ubavu wa chasi usio na bomba la moshi, ndani ya bomba la plastiki lenye mikunjo, ukishikiliwa kila baada ya sentimita 30. Kila unapopita kwenye tundu la bati weka mpira wa kulinda. Usiufunge kwenye bomba la mafuta wala la breki. Ganda likichubuka hapo, shoti imetokea juu ya petroli. Viungo vibanwe kwa koleo la kubania na kuvikwa mpira wa kusinyaa. Kusokota na kuzungushia tepu hakufai popote, na kwenye joto na vumbi letu ni kubaya zaidi: gundi ya tepu inayeyuka, inajifungua, na kiungo kinabaki uchi.

Hasi ya pampu ipewe heshima sawa na chanya. Pampu nyingi hukaa juu ya raba ili isitetemeshe bodi, na raba haipitishi umeme, kwa hiyo lazima iwe na waya wake. Kwangua rangi ya chasi mpaka chuma king'ae, kaza kichwa cha waya kwa bolti, kisha paka grisi juu. Ukiona pampu inanguruma kwa unyonge wakati betri ni nzima, anza kuangalia hapo.

Pampu ikae karibu na tenki na chini kadiri mahali panavyoruhusu, kwa kuwa pampu za umeme husukuma vizuri kuliko kuvuta, na iwe na filta kabla yake. Hapa kwetu, zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari na jua la Oktoba, kuna faida ya kweli: petroli inayosukumwa kutoka nyuma haichemki kirahisi kwenye mpira kama ile inayovutwa kutoka mbele. Kama pampu ya zamani ilikuwa na mpira wa tatu unaorudi tenki, usiuzibe tu kwa skrubu. Mwambie fundi ahakikishe njia hiyo imefungwa au imetumika ipasavyo. Mipira iwe ya petroli yenye klipu, siyo ile ya plastiki angavu ambayo inakauka na kupasuka.

Wakati wa kazi, gari lisikae juu ya shimo la gereji. Mvuke wa petroli ni mzito kuliko hewa, unashuka na kujaa shimoni alipo fundi, na hewa ikiwa na mvuke wa asilimia 1.4 hivi tayari inaweza kuwaka. Wala usidhani asubuhi ya baridi inasaidia. Petroli hutoa mvuke wa kuwaka hata nyuzi 40 chini ya sifuri. Taa ya kumulikia isiwe balbu ya waya inayoweza kuanguka na kupasuka. Tunaosafiri barabara ya Dar es Salaam tunaijua Msamvu, Morogoro, na kilichotokea pale Agosti 10, 2019: petroli iliyomwagika kutoka kwenye lori iliwaka, na watu zaidi ya 100 walipoteza maisha. Kuwe na mtungi wa poda kavu mkononi, na baadaye ukae ndani ya gari, chini ya kiti. Usiwe chini ya boneti ambako moto ndiko utakapoanzia. Petroli ikiwaka usimwagie maji. Watoe watu, sogeeni mbali, pigeni 114 kwa Zimamoto.

Kazi ikiisha, usilipokee gari kwa kuliona linawaka. Kaa na fundi mjaribu. Fungua swichi bila kupiga stata: pampu isisikike kabisa. Piga stata: isikike. Injini ikishawaka na funguo kurudi, iendelee, na stata isijirushe. Sasa, injini ikinguruma, chomoa waya mmoja wa swichi ya oili. Pampu inyamaze hapo hapo. Injini itaendelea kidogo kwa mafuta yaliyobaki kwenye bakuli, kisha ife. Rudisha, washa tena, chomoa waya wa swichi ya ajali, matokeo yawe yale yale. Pima volti kwenye pampu ikifanya kazi: isipungue zaidi ya nusu volti kulinganisha na betri. Acha injini iwake dakika 20, kisha shika waya, fyuzi na rilei. Vuguvugu ni sawa kwa rilei. Waya usiwe na joto lake wenyewe. Pitisha kitambaa cheupe kikavu kwenye kila kiungo cha mpira wa mafuta. Jaribio moja likikataa, kazi haijaisha, na usilipe salio.

Kama pampu inazima ukiwa umesimama na injini ya moto lakini ukikanyaga mafuta inarudi, usiruhusu mtu aipite swichi ya oili kwa kipande cha waya. Huenda presha ya oili ya injini yako iko chini. Ipimwe.

Ungeniuliza ningefanya nini kama Hilux hiyo ingekuwa yangu, ningetafuta kwanza pampu mpya ya kimakanika ya 22R. Injini hiyo ilienea dunia nzima na pampu zake bado zinatengenezwa. Kama Dodoma imekosekana, agiza Dar es Salaam ije kwa basi. Ukilinganisha na pampu ya presha ndogo, rilei, swichi mbili, waya na ufundi, huenda ikawa nafuu, na inarudisha gari kwenye usalama wake wa asili bila dayodi wala kikopo cha gololi. Ya umeme ichague kama ya kimakanika haipatikani kabisa, au kama gari lina tatizo sugu la mafuta kuchemka kwenye mipira wakati wa joto.

Ukichagua ya umeme, mwambie fundi achore mchoro wa waya zote kwenye karatasi, rangi ya kila waya, ampea ya fyuzi na mahali swichi ya ajali ilipo. Piga picha kwa simu, na karatasi yenyewe uifunge kwa plastiki uibandike ndani ya kifuniko cha fyuzi, ili fundi mwingine, akikutana na gari limezima njiani usiku, ajue ni wapi pa kuangalia badala ya kukata waya na kuunganisha moja kwa moja.